Nje ya Mtu

Wahubiri na waandishi wa fasihi hugombana kwa mengi, lakini kuna jambo moja ambalo wote hulisema bila kusita: ukweli wa mtu uko ndani, na nguo ni kifuniko tu. Mhubiri anatuonya tusidanganywe na joho la mwenye nalo. Mwandishi anatuonya tusimwamini mhusika kwa sura yake mpaka tumsikie akisema. Barazani nako hazikosekani methali za kumchamba aliyevaa cha kuazima. Fikra hii ina umri mrefu na imefanya kazi nzuri duniani, maana imewakinga maskini wengi na dharau ya wenye nacho. Hata hivyo naiona kuwa ni nusu ya ukweli, na nusu iliyobaki iko mikononi mwa watu ambao hatuna mazoea ya kuwauliza maswali ya falsafa, yaani mafundi wa nguo. Mmoja wao alitoka kwenye meza ya kukatia vitambaa akafika kwenye kiti cha mwongozaji wa filamu huko Hollywood, akakikalia kwa zaidi ya miaka ishirini, na ndani ya filamu zake akaliuliza swali hili kwa namna ambayo mimbari haiwezi. Jina lake Mitchell Leisen. Siku hizi hatajwi sana, na akitajwa husemwa kwamba alikuwa fundi cherehani aliyepewa kazi ya wakubwa. Hoja yangu ni kwamba hicho kinachohesabiwa kuwa upungufu wake ndicho kilichomwezesha kuona jambo la kweli kuhusu nafsi.

Leisen alizaliwa mwaka 1898 katika mji wa Menominee, jimbo la Michigan, akasomea usanifu wa majengo kabla ya kuingia kwenye sinema chini ya mwongozaji Cecil B. DeMille. Mwaka 1919 alishiriki kubuni mavazi ya kipande cha Babeli katika filamu ya Male and Female, ambamo Gloria Swanson alivishwa fahari ambayo hakuna malkia wa Babeli aliyepata kuiota. Baadaye alibuni mavazi ya Robin Hood (1922) na The Thief of Bagdad (1924), zote za Douglas Fairbanks. Inafaa kukumbuka kazi hiyo ilikuwaje. Sinema ilikuwa bubu na haikuwa na rangi, na utepe wa filamu uliotumika kwa sehemu kubwa ya miaka ile haukuweza kuiona rangi nyekundu. Kitambaa chekundu kilitoka cheusi kwenye skrini, na cha buluu kikatoka karibu cheupe. Mbunifu aliyesimama studioni na pini mdomoni, akilitazama gauni lililomkaa mwigizaji vizuri kabisa, alijua kwamba anachokiona yeye sicho kitakachoonwa na watu ukumbini. Ilimbidi akate nguo kwa ajili ya jicho lisilo lake. Fundi wa kawaida huuliza kama nguo imempendeza mvaaji. Fundi wa sinema bubu alilazimika kuuliza swali gumu zaidi: nguo hii itasema nini kwa mtu ambaye hawezi kuigusa, hawezi kuisikia sauti ya mvaaji, na anaiona katika rangi ambayo haikuwa nayo? Kwa kazi ya namna hiyo mtu hujifunza mapema kwamba vazi peke yake halina maana. Maana yake inazaliwa kati ya kitambaa, mwili na jicho la mwingine.

DeMille alimfanya pia mkurugenzi wa sanaa, na katika nafasi hiyo Leisen alishiriki kutengeneza The King of Kings mwaka 1927, filamu ya maisha ya Yesu. Inaanza, kwa namna ya DeMille isiyojua kiasi, na Maria Magdalena akiwa tajiri wa mapambo na gari linalovutwa na pundamilia. Anapokutana na Yesu, dhambi saba zinamtoka zikiwa vivuli vya wanawake, kisha anafanya jambo moja dogo: analivuta joho lake na kujifunika. Filamu haina sauti, na maandishi ya kwenye skrini hayatoshi kueleza toba. Kinachoieleza ni mkono unaovuta kitambaa. Mtu anaweza kusema kwamba toba yenyewe ilikwisha kutokea moyoni, na joho ni alama tu iliyofuata. Huenda. Lakini tazama mpangilio wa tendo lenyewe. Magdalena hajifuniki ili tumjue kuwa ametubu. Anajifunika kwa sababu kwa mara ya kwanza anajiona akitazamwa na mtu ambaye hataki kumnunua. Aibu ile na joho lile vinakuja pamoja, na sijui ni kwa kipimo gani mtu angeweza kuvitenganisha.

Vitabu vya dini, vikisomwa kwa makini kuliko vinavyohubiriwa, haviwi vikali sana dhidi ya nguo. Katika Mwanzo, Adamu na Hawa wanajishonea majani ya mtini kwa woga, na tungetarajia Mungu awavue, awaambie kwamba kujificha hakufai. Kinyume chake, kabla ya kuwatoa bustanini anawatengenezea mavazi ya ngozi na kuwavika mwenyewe. Adhabu imeshatolewa, laana imeshatamkwa, na tendo la mwisho bustanini ni la ushonaji. Katika Qur'ani, sura ya Al-A'raf inayahesabu mavazi kuwa neema iliyoteremshwa kwa wanadamu, ya kustiri na ya kujipamba pia, kisha inasema vazi la uchamungu ndilo bora. Wahubiri hupenda kukimbilia sehemu hiyo ya mwisho na kuiacha ya kwanza. Lakini kama uchamungu wenyewe unafananishwa na vazi, basi vazi haliwezi kuwa jina la uongo. Mtu hawezi kuita jambo tukufu kwa jina la kitu anachokidharau. Kinachoelekea kusemwa pale ni kwamba wema nao ni kitu cha kuvaliwa: mtu huuvaa asubuhi haujamkaa sawasawa bado, akatembea nao, na taratibu ukamzoea na yeye akauzoea.

Hapo ndipo ninapotaka kuiweka hoja. Vazi si pazia mbele ya nafsi, na wala si nafsi yenyewe. Vazi ni dai. Anayevaa anadai jambo mbele ya watu kuhusu yeye ni nani, na anayedai hudaiwa. Akishatoka nje na kanzu ya mcha Mungu, sare ya askari au koti la daktari, kuna mambo ambayo watu sasa wana haki ya kuyatarajia kwake, na yeye mwenyewe anaanza kuyasikia yakimwita. Anaweza kulilipa deni hilo au kulikimbia. Yule tunayemwita mnafiki hakukosea kwa kuvaa. Amekosea kwa kutolipa. Na kama hivyo ndivyo, nje ya mtu ni mojawapo ya njia ambazo ndani yake hujengwa.

Filamu ya Leisen inayolionyesha jambo hili waziwazi ni Death Takes a Holiday ya mwaka 1934, iliyotokana na mchezo wa Mwitaliano Alberto Casella. Mauti amechoka kuogopwa bila kujua sababu. Anamtokea mwenyeji wa jumba moja la kifahari Italia akiwa kivuli chenye kofia ya joho, kitu ambacho macho yanakipenya, na anaomba apokewe kama mgeni kwa siku tatu. Ili akubalike anajivika jina na umbo la Prince Sirki, mwana wa kifalme, akaja na sare yake na kioo cha jicho moja. Fredric March anamwigiza kama mtu ambaye bado anajaribishwa nguo: anainama kupita kiasi, anatabasamu mahali pasipo mzaha, anaishika glasi ya divai kana kwamba inaweza kumuuma. Siku hizo tatu hakuna kinachokufa duniani. Kinachonivutia ni kwamba Mauti alikuja kwa udadisi, akijua kwamba umbo hili ni la kuazima na atalirudisha. Lakini umbo halikukubali kuazimwa bure. Mwenye mwili hupenda, na anayependa huogopa kupoteza, na kufikia usiku wa tatu yule ambaye hakujua kwa nini watu wanamwogopa anajua. Alivaa ubinadamu kwa kujificha, na ukamwingia. Kama nguo ingekuwa kifuniko tu, Mauti angeondoka kama alivyokuja, akiwa na habari mpya lakini bila jeraha.

Mtu mwangalifu atanionyesha mwisho wa filamu hiyohiyo, kwa sababu pale inaonekana kama Leisen ananipinga. Grazia, msichana anayempenda Prince Sirki, anaonywa kwamba huyu siye anayemdhania. Mauti anaivua sura ya mwana wa kifalme na kusimama mbele yake akiwa kile kivuli cha mwanzo, ili amwache. Naye haoni tofauti. Siku zote alikuwa akimwona hivyo. Je, si ushahidi kwamba jicho la kweli hupita nguo na kwenda moja kwa moja ndani? Nimeifikiria sana na sidhani. Wanawake wengine wawili katika jumba lile walivutwa na sare ile, na walipoyatazama macho ya mwenye sare wakakimbia. Wao ndio walioamini kwamba kuna nje na ndani, na kwamba ndani ndiko kwenye siri ya kutisha. Grazia hakuivua sare kwa mawazo ili amwone Mauti nyuma yake. Alimwona Mauti akiwa amevaa sare, akaona kwamba kuvaa kule kulikuwa jitihada, ombi, karibu na adabu ya mgeni. Alisoma dai na akamsoma anayedai kwa wakati mmoja. Kutazama kwa namna hiyo hakutaki mtu aidharau nguo. Kunataka aitazame vizuri zaidi kuliko wanavyoitazama wenye tamaa na wenye woga.

Wasiojua kutazama wana filamu yao pia, nayo inachekesha. Easy Living ya mwaka 1937, iliyoandikwa na Preston Sturges, inaanza na tajiri wa benki mjini New York akigombana na mkewe juu ya koti la manyoya lililogharimu dola 58,000. Kwa hasira analitupa kutoka juu ya nyumba, na linamwangukia kichwani Mary Smith, mfanyakazi wa ofisini aliyeketi kwenye ghorofa ya juu ya basi lisilo na paa. Jean Arthur, anayemwigiza Mary, anageuka kumtazama abiria wa nyuma kana kwamba yeye ndiye aliyemfanyia utani. Tangu dakika ile maisha yake si yake tena. Kazini wanamfukuza kwa sababu msichana mwenye koti la namna ile hawezi kuwa mwadilifu. Mwenye hoteli anamkabidhi chumba cha kifahari kwa sababu anadhani ni hawara wa mwenye benki. Soko la hisa linatikisika kwa neno moja alilolisema bila kujua analosema. Mary hakudai lolote. Koti lilidai kwa niaba yake, na mji mzima ukaliamini koti bila kumuuliza mvaaji. Hapa uongo haumo kwenye nguo hata kidogo. Umo kwenye macho ya wasomaji wake, ambao wote wana njaa ya kupata kitu kwa mwenye benki. Nadhani ingekuwa rahisi kwa mwongozaji mwingine kulifanya koti lile liwe kichekesho cha kupita. Leisen alilipa uzito wake: linakaa kwenye mabega ya Jean Arthur likiwa pana kuliko yeye, linamfuata mlangoni baada ya yeye kuingia, na tunaona kwa macho yetu kwamba halikukatwa kwa ajili ya mwili huu. Wahusika wote wanatazama thamani ya koti, na hakuna hata mmoja anayetazama vipimo vyake.

Miaka miwili baadaye, katika Midnight, alimchukua mwanamke wa aina nyingine. Eve Peabody, aliyeigizwa na Claudette Colbert, anashuka kutoka kwenye treni mjini Paris usiku wa mvua, na mali yake yote ni gauni la dhahabu alilovaa na risiti ya rehani. Anaitumia risiti hiyo kama kadi ya mwaliko, anaingia kwenye hafla ya matajiri, na kufikia asubuhi amekuwa mke wa baroni ambaye hayupo. Huyu anadai kwa makusudi na anadai uongo. Mhubiri angemshika hapo. Lakini filamu inamfuata mpaka pale uongo unapoanza kumgharimu, kwa sababu wanaomwamini wanamtendea wema, na wema humfanya mtu adaiwe hata kama ameupata kwa hila. Eve anaweza kuwadanganya watu wale kwa sababu wao wenyewe wamevaa. Ubaroni wao pia ni gauni la dhahabu, ila wao walirithi risiti.

Wasomaji wa pwani ya Afrika Mashariki hawana haja ya kwenda Paris kulielewa jambo hili. Zanzibar ya karne ya 19 iliwagawa watu kwa nguo kabla ya kuwagawa kwa kitu kingine. Mtumwa alijulikana kwa kipande cha merikani kiunoni, kitambaa ambacho meli za Salem zilikileta kutoka viwanda vya Massachusetts, au kwa kaniki. Viatu na kilemba vilikuwa vya waungwana, na kufunika kichwa mbele ya bwana kulihesabiwa utovu wa adabu. Amri ya mwaka 1897 ilipoiondoa hadhi ya utumwa kisheria, mojawapo ya mambo ya kwanza waliyoyafanya waliokombolewa ilikuwa kubadili mavazi. Wanaume walivaa kanzu na kofia, wanawake wakajifunga kanga za rangi kali, na baadaye wengi wakajitanda buibui lile lile lililokuwa la mabibi. Wapo mabwana wa zamani walioona kwamba hao wanajifanya. Tukishikilia kwamba nguo ni kifuniko cha ukweli uliofichika, inabidi tukubaliane na mabwana wale, kwamba chini ya kanga kulikuwa na mtumwa. Hakuna mtu mwenye akili atakayekubali hivyo leo. Mwanamke aliyetoka na doti yake mpya hakuwa akificha alivyokuwa. Alikuwa anadai alivyo, mbele ya watu waliokuwa bado hawajakubali, na mji ulilazimika kulijibu dai hilo kila alipopita.

Pingamizi kubwa zaidi linatoka kwenye dini, nalo halitaki dharau. Katika kitabu cha Samweli nabii anaambiwa asimchague mwana wa Yese kwa urefu na sura, kwa kuwa Bwana hutazama moyo. Hadithi ya Mtume inafundisha jambo lililo karibu sana na hilo, kwamba Mwenyezi Mungu hatazami miili na sura zetu bali mioyo na matendo. Je, si wazi kwamba nje haina thamani mbele ya aliye wa kweli? Jibu langu ni kwamba maneno hayo yanaeleza mtazamo wa Mungu, na yanatukumbusha kwamba sisi hatuna mtazamo huo. Samweli mwenyewe, pamoja na unabii wake, alidhani Eliabu ndiye, na asingejua vinginevyo kama asingeambiwa. Sisi hatuambiwi. Anayesema “mimi naangalia moyo tu” amejipa kiti kisicho cha mwanadamu, na mara nyingi amejipa kibali cha kumhukumu jirani kwa kitu ambacho jirani hawezi kukionyesha wala kukikanusha. Unyenyekevu wetu ni kukubali kwamba tunaishi miongoni mwa sura, na kujifunza kuzisoma kwa haki. Hata dini zenyewe, zinapotaka kutusahaulisha mavazi, hulazimika kutuvika. Filamu ya kwanza iliyobeba jina la Leisen kama mwongozaji, Cradle Song ya mwaka 1933, inatokea katika nyumba ya watawa wa kike wanaomlea mtoto aliyeachwa mlangoni. Wote wamevaa sawa, na usawa ule unamlazimisha mtazamaji kutafuta tofauti katika macho na mikono. Ihramu ya mahujaji wanaume hufanya kazi hiyohiyo: shuka mbili zisizoshonwa zinazosema kwamba tajiri na maskini hapa ni kitu kimoja. Zinaweza kusema hivyo kwa sababu ni vazi. Aliye uchi hasemi kitu kuhusu usawa.

Pingamizi la pili ni la israfu, na hapa sina budi kurudi nyuma kidogo. Mwaka 1944 ilitoka Lady in the Dark, filamu ya rangi ambamo Ginger Rogers ni Liza Elliott, mhariri wa jarida la mitindo anayekwenda kwa daktari wa nafsi kwa sababu ndoto zinamsumbua. Ndani yake kuna gauni lenye sketi ya manyoya ya minki, bitana yake ikiwa imejaa nakshi za kumeremeta, ili mchezaji akiigeuza sketi moto wote ulipuke kutoka ndani. Mbunifu wa mavazi Edith Head alihusika katika kulitengeneza, na lilikuwa miongoni mwa mavazi ya gharama kubwa kuliko yote yaliyopata kuonekana Hollywood. Haya yalitokea wakati serikali ya Marekani, kwa sababu ya vita, ilikuwa imewawekea washonaji masharti juu ya kiasi cha kitambaa kinachoruhusiwa katika nguo za wanawake. Mkosoaji anayeona hapo kufuru ya fundi aliyelewa ufundi wake hakukosea. Gauni lile halidai chochote kwa niaba ya Liza Elliott. Linadai kwa niaba ya studio. Ajabu ni kwamba filamu hiyohiyo ina nguo nyingine, ya kawaida kabisa: gauni la buluu la mama yake Liza, ambalo Liza alilivaa akiwa mtoto baada ya mama kufariki, na baba yake akaghadhibika na kumwamuru alivue. Ugonjwa wote wa mhusika umetoka pale. Suti zake kavu za kiume, kukataa kwake kupendeza, vyote ni deni la dai moja la mtoto lililokataliwa kwa ukali. Nguo ile ya buluu ina falsafa zaidi ya manyoya yote yale, na Leisen alikuwa nazo zote mbili mkononi akaipa taa ile isiyostahili. Kwa hiyo sitetei kila gauni alilolipitisha. Israfu nami naihesabu kuwa dhambi, ila naiona kuwa dhambi dhidi ya vazi pia, kwa kuwa inalinyamazisha. Gauni linalopiga kelele kuhusu bei yake halisikiki likisema lingine.

Pingamizi la mwisho lilitoka kwa watu waliomfahamu kwa karibu. Sturges alimwandikia Easy Living na Remember the Night, na Leisen alipoyapunguza mazungumzo ya filamu hiyo ya pili, Sturges aliona kwamba ni heri aongoze mwenyewe. The Great McGinty ikatoka mwaka 1940. Billy Wilder, aliyeandika Midnight na Hold Back the Dawn pamoja na Charles Brackett, alikuwa na hasira zaidi. Katika Hold Back the Dawn ya mwaka 1941 kuna mkimbizi aliyekwama mpakani Mexico akisubiri viza ya Marekani, hali ambayo Wilder aliijua kwa mwili wake mwenyewe. Alikuwa ameandika tukio ambamo mkimbizi huyo anamzuia mende anayepanda ukutani na kumdai karatasi zake. Charles Boyer, aliyemwigiza mkimbizi huyo, alikataa kuongea na mende, Leisen akakubaliana naye, na tukio likakatwa. Wilder hakusamehe. Kwa miaka mingi alimsema Leisen kuwa mtu aliyejali marinda ya gauni kuliko neno la mwandishi, na mwaka uliofuata akaanza kuongoza mwenyewe Hollywood. Dhihaka ya namna hiyo imewafuata wengine waliopita njia ileile. Joel Schumacher, aliyebuni mavazi ya Sleeper ya Woody Allen mwaka 1973 kabla ya kuwa mwongozaji, alichekwa mpaka alipofariki kwa sababu ya suti za mpira za Batman & Robin. Kwa habari ya mende, namuunga mkono Wilder. Tukio lile lilikuwa zuri, na mwongozaji anayemwachia mwigizaji aliyekasirika alikate amepungukiwa na kitu ambacho cherehani haiwezi kukijaza.

Ila dhihaka ya marinda ni neno lingine. Inasema kwamba neno ndilo linaloubeba ukweli na kitambaa hakibebi, na katika hilo Wilder ameshindwa na kazi yake mwenyewe. Mwaka 1950 aliandika pamoja na Brackett na D. M. Marshman, na kuongoza, Sunset Boulevard, akamweka Gloria Swanson kuwa nyota wa sinema bubu aliyesahauliwa, naye DeMille akijiigiza mwenyewe. Joe Gillis, mwandishi wa filamu asiye na kazi, mtu wa maneno kama Wilder, anakubali kutunzwa na nyota huyo, Norma. Kuna mazungumzo mengi makali katika filamu ile, na watu huyakariri mpaka leo. Lakini Wilder alipotaka kuonyesha mahali hasa ambapo Joe anauzwa, alimpeleka duka la nguo za kiume. Norma amekaa, anachagua. Joe amesimama akijaribishwa makoti kama mtoto wa shule. Muuza duka anamsogelea na kumnong'oneza kwamba, kwa kuwa bibi ndiye anayelipa, kwa nini asichukue lile la sufu ya vikunya, la bei zaidi. Uso wa William Holden, anayemwigiza Joe, unabadilika hapo, na tangu hapo kila koti atakalolivaa tunajua ni deni kwa nani. Mwandishi aliyemcheka fundi hakulipata neno la kuyasema hayo. Aliyapata kwenye rafu ya makoti.